Kriketi, jeshi na maisha ya Luteni Kanali Hemu Adhikari

Tarehe 14 Septemba 2025, mjini Dubai, India iliishinda Pakistan kwa wiketi saba, yaani ikiwa bado na wapigaji saba wa kutolewa, katika Kombe la Asia la kriketi, na mchezo ulipokwisha wapigaji wawili wa India waliokuwa uwanjani wakaondoka bila kuwapa mkono wapinzani wao. Mmoja wao, nahodha Suryakumar Yadav, aliutoa ushindi huo kuwa heshima kwa majeshi ya nchi yake. Wiki moja baadaye timu hizo zilikutana tena. Mpigaji mmoja wa Pakistan akashangilia kwa kulishika gongo lake kama bunduki, na mrushaji mwenzake akawaigizia watazamaji ndege inayoanguka. Fainali ya tarehe 28 nayo ilipokwisha kwa ushindi wa India, timu hiyo ilikataa kupokea kombe kutoka kwa Mohsin Naqvi, rais wa Baraza la Kriketi la Asia, ambaye wakati huohuo alikuwa waziri wa mambo ya ndani wa Pakistan. Waziri Mkuu Narendra Modi aliuita ushindi huo mwendelezo, katika uwanja wa michezo, wa operesheni ambayo jeshi lake liliifanya dhidi ya Pakistan mwezi Mei.

Tangu hapo mjadala umegawanyika. Wapo wanaosema jeshi limeuvamia mchezo na kwamba lazima liondolewe, na wapo wanaosema mchezaji wa taifa ni askari asiyebeba silaha, kwa hiyo hana sababu ya kumpa mkono adui. Naona makundi haya mawili, pamoja na ukali wanaojibizana nao, yanasimama juu ya dhana moja ambayo historia haiikubali: kwamba askari akiingia kwenye kriketi huingia na uadui wake. Askari hakuingia kwenye kriketi ya bara Hindi mwaka 2025. Alikuwamo tangu mchezo huo ulipofika na maofisa na mabaharia wa Kiingereza, na baada ya uhuru wa mwaka 1947 maofisa waliovaa vyeo vya kweli waliuchezea, wakaunoa na kuusimamia. Kilichotokea Dubai ni jambo jipya kwa sababu nyingine. Askari mwenyewe hayupo tena uwanjani, na mahali pake pamewekwa alama zake, ambazo yeyote anaweza kuzibeba bila kulipa gharama yake. Ili kuiona tofauti hiyo hatuna budi kurudi kwenye maisha ya mtu ambaye jina lake halikutajwa sana katika kelele zile.

Hemchandra Ramchandra Adhikari, aliyejulikana zaidi kama Hemu, alizaliwa Poona tarehe 31 Julai 1919. Alianza kriketi ya daraja la juu kabla ya Vita Kuu ya Pili, akichezea Gujarat na kisha Baroda, na vita ikamnyang'anya miaka ambayo mpigaji huwa kwenye kilele cha nguvu zake. Mechi yake ya kwanza ya testi, yaani zile mechi ndefu za mataifa zinazochezwa kwa siku kadhaa, aliicheza Brisbane, Australia, Novemba 1947, akiwa na umri wa miaka 28. Januari iliyofuata, mjini Adelaide, mrushaji wa Australia Ray Lindwall alipokuwa akiwavunjavunja wapigaji wa India, Adhikari alisimama na mwenzake Vijay Hazare kwa mikimbio 132, yaani alama, katika wiketi ya saba, maana yake kabla mpigaji wa saba hajatolewa. Mwishoni mwa mwaka huohuo alipata mikimbio 114 bila kutolewa dhidi ya West Indies mjini Delhi. Hiyo ndiyo mara pekee aliyovuka mia katika testi. Alicheza testi 21 tu, chini ya nusu ya zile India ilizocheza kuanzia mechi yake ya kwanza hadi ya mwisho mwaka 1959, na akakusanya mikimbio 872. Alikuwa ofisa wa Jeshi la India, na wanaoiandika historia ya mchezo huo wanakubaliana kwamba wajibu wa kijeshi ndio uliomzuia mara nyingi. Tarakimu hizo ndogo zinastahili kusomwa hivyo: zinaonyesha namna jeshi lilivyougusa mchezo enzi zile, kwa kumwita mtu kazini wakati wenzake wanavaa sare nyeupe.

Miaka yake katika timu ya Services, inayoundwa na majeshi ya nchi kavu, majini na angani, inaeleza upande wa pili. Timu hiyo hushindana na majimbo katika Kombe la Ranji, mashindano makuu ya kriketi ya ndani ya India, na msomaji wa Afrika Mashariki aliyezoea kuziona Ulinzi Stars ya Kenya, APR ya Rwanda au KMKM ya Zanzibar hahitaji kuelezwa zaidi. Katika misimu miwili mfululizo, 1956-57 na 1957-58, Services ilifika fainali, ikafungwa na Bombay na kisha Baroda. Kwa timu isiyokuwa na jimbo wala mashabiki wa kuzaliwa nao, ambayo wachezaji wake wangeweza kuhamishwa kituo wakati wowote, kufika hapo mara mbili ni jambo kubwa, na Adhikari alikuwa mhimili wake.

Mechi inayohusika zaidi na hoja yangu ilichezwa Delhi, kwenye uwanja wa Feroz Shah Kotla, Oktoba 1952. Hiyo ilikuwa testi ya kwanza kabisa kati ya India na Pakistan. Miaka mitano tu ilikuwa imepita tangu bara lile ligawanywe, mamia ya maelfu ya watu wauawe na mamilioni wahame makwao. Vita ya kwanza ya Kashmir ilikuwa imesimamishwa Januari 1949. Katika kikosi cha Pakistan walikuwamo watu wawili waliowahi kuichezea India, nahodha Abdul Hafeez Kardar na mrushaji Amir Elahi. Amir Elahi alikuwa mwenzake Adhikari katika timu ya Baroda, na alikuwa naye pia katika safari ya Australia ya mwaka 1947. Sasa ofisa wa jeshi lililotoka vitani na Pakistan alisimama na gongo mkononi akimsubiri rafiki wa zamani arushe mpira akiwa na beji ya Pakistan kifuani. Adhikari alipata 81 bila kutolewa. Yeye na Ghulam Ahmed, Mwislamu kutoka Hyderabad aliyekuwa mpigaji wa mwisho wa India, waliongeza mikimbio 109 katika wiketi ya kumi, na India ikashinda kwa zamu nzima ya kupiga na mikimbio 70. Rekodi ya India ya wiketi ya kumi waliyoiweka siku ile haikuvunjwa hadi Desemba 2004, na Adhikari alifariki Oktoba 2003 ingali yake.

Nimeirefusha habari ya mechi hiyo kwa makusudi. Anayedai kwamba machungu ya Pahalgam, Kashmir, ambako raia 26 waliuawa Aprili 2025, na mapigano yaliyofuata mwezi Mei, yanafanya mkono wa salamu usiwezekane, anapaswa kueleza ni kwa nini mechi za mwaka 1952 ziliwezekana, wakati makaburi yalikuwa mengi zaidi na mmoja wa wachezaji alikuwa ofisa wa jeshi lenyewe. Jibu linalotolewa mara nyingi ni kwamba watu wa zama zile walilelewa pamoja na walijuana kwa majina. Jibu hilo lina ukweli, na mfano wa Amir Elahi unalithibitisha. Lakini mtu akilitafakari ataona kwamba linaukubali msingi wa hoja yangu, kwa kuwa kama kilichoizuia chuki isiingie uwanjani ni kujuana, basi kuwazuia wachezaji wa leo wasipeane hata mikono ni kuuondoa ule mlango mdogo uliobaki wa kujuana kwao.

Sitaki kumchora Adhikari kama mtakatifu, wala kulichora jeshi kama shule isiyokosea. Februari 1959 aliitwa kuongoza India dhidi ya West Indies mjini Delhi, akiwa na miaka 39 na bila kucheza testi kwa zaidi ya miaka miwili. Katika mfululizo ule wa mechi tano alikuwa nahodha wa nne, baada ya Polly Umrigar, Ghulam Ahmed na Vinoo Mankad, kwa kuwa wateuzi walikuwa wamegombana na manahodha hadi Umrigar, aliyekuwa amerudishiwa unahodha, akajiuzulu usiku wa kuamkia mechi ya Madras. Alifunga 63 na 40, akaangusha wiketi tatu, mechi ikaisha sare, na hakucheza testi tena. Waliomwita walikuwa raia walioshindwa kuendesha shirika lao, wakamwendea mwanajeshi awaokoe kwa siku tano. Tabia hiyo ya kumkimbilia mtu wa jeshi pale utawala wa kiraia unapovurugika haikuishia kwenye kriketi katika nchi za bara lile, na upande wa Pakistan ilikuwa imeshafika ikulu miezi michache tu kabla, Oktoba 1958, Jenerali Ayub Khan alipotwaa madaraka.

Mchango wake mkubwa ulikuja baadaye, alipokuwa mwalimu wa kambi za vijana na meneja wa timu ya taifa. Mwaka 1971 aliambatana na kikosi cha nahodha Ajit Wadekar nchini Uingereza, nchi ambamo India ilikuwa haijashinda testi hata moja tangu mwaka 1932. Tarehe 24 Agosti, kwenye uwanja wa The Oval mjini London, ikashinda kwa wiketi nne na kuuchukua mfululizo mzima. Watu hukumbuka jinsi mrushaji Bhagwat Chandrasekhar alivyoangusha wiketi sita kwa kuruhusu mikimbio 38 tu, na wana haki. Lakini mpira wa Chandrasekhar ulihitaji mikono ya kuudaka. Miaka mingi udhaifu wa India ulikuwa katika kudaka na kuzuia mpira, kazi isiyopigiwa makofi, inayodai mwili ulio tayari saa sita kwa siku. Na katika ziara ile Eknath Solkar alisimama hatua chache tu mbele ya gongo, bila kofia ya kinga, akadaka mipira ambayo wengine wangeikimbia. Adhikari, ambaye enzi zake alihesabiwa miongoni mwa wadakaji bora wa India, aliisisitiza sana kazi hiyo pamoja na mazoezi ya viungo. Hapo ndipo ninapoona jeshi likiingia kwenye mchezo kwa faida: kwa njia ya mazoezi ya asubuhi, kuheshimu muda, na kutukuza kazi ambayo jina la mfanyaji halitangazwi.

Miaka mitatu baadaye meneja yuleyule alirudi Uingereza na timu iliyogawanyika, ikafungwa mechi zote tatu, na kwenye uwanja wa Lord's ikatolewa nje kwa mikimbio 42. Nidhamu ya kambi haikuweza kuwapatanisha watu waliokosana. Wanaoamini kwamba timu ikipelekwa kwenye kambi ya makuruta itarudi na ushindi wanafaa kuukumbuka mwaka 1974 sambamba na ule wa 1971.

Upande wa pili wa mpaka alikuwapo mtu wa cheo hichohicho. Shujauddin Butt, aliyezaliwa Lahore mwaka 1930, alicheza testi 19 kwa Pakistan kati ya mwaka 1954 na 1962, naye alifikia Luteni Kanali katika Jeshi la Pakistan. Alikuwa mrushaji wa mpira wa kuzungusha kwa mkono wa kushoto, na mpigaji mwenye subira ya kuchosha. Dhidi ya Australia mjini Lahore alikaa zaidi ya saa tano akapata mikimbio 45. Desemba 1971, miezi minne baada ya Adhikari kusherehekea kule London, vita ya Bangladesh ikaisha kwa majeshi ya Pakistan kusalimu amri, na Shujauddin akakaa mateka nchini India kwa muda wa miezi 18. Wakati wa vita hiyohiyo, Sunil Gavaskar na Bishan Bedi wa India walikuwa wakicheza timu moja na Zaheer Abbas na Intikhab Alam wa Pakistan nchini Australia, katika kikosi cha wachezaji wa dunia chini ya Garfield Sobers. Nikimfikiria Shujauddin ndani ya kambi ya mateka, naona jinsi neno vita linavyopungukiwa maana mtu anapolitumia kwa mchezo wa saa tatu wenye matangazo ya biashara katikati. Yeye aliijua testi na aliijua vita.

Sasa tuzipime hoja. Ile ya kwamba michezo itenganishwe na siasa inavutia, na sisi tulio mbali huikimbilia haraka, lakini haisimami yenyewe. India na Pakistan hazikucheza testi hata moja kati ya mwaka 1961 na 1978. Serikali ziliamua hivyo, na hakuna aliyedhani kriketi ingeweza kuishi nje ya maamuzi hayo. Kukataa kucheza kabisa ni msimamo unaoeleweka na wenye gharama, kwa sababu anayekataa hupoteza mechi, mapato na pengine kombe. Hoja ya pili, kwamba mchezaji ana haki ya kuwaombolezea wafu wake, naiheshimu zaidi kuliko zote. Machi 2019, baada ya askari 40 wa kikosi cha akiba cha polisi kuuawa Pulwama, wachezaji wa India walivaa kofia za rangi za kijeshi mjini Ranchi na kuchangia malipo yao kwa familia za waliokufa. Mtu anaweza kubishana kuhusu kofia, lakini familia zilikuwapo na fedha zilikuwa za kweli.

Hoja iliyo dhaifu kuliko zote ni ile iliyopata sauti kubwa zaidi, kwamba mechi ni operesheni kwa njia nyingine na kwamba mshindi uwanjani ameshinda mpakani. Kwanza, inawashusha askari inaodai kuwapandisha, kwa maana inalinganisha mtu aliyetolewa kwa mpira wa kwanza na mtu asiyerudi nyumbani. Pili, haina mwisho. Ikiwa ushindi wa wiketi tano katika fainali ile ni ushindi wa jeshi, basi siku ya kushindwa nani ameshindwa? Pakistan ililionja swali hilo Juni 2024, pale kikosi kilichotoka kwenye mafunzo katika chuo cha kijeshi cha Kakul miezi michache nyuma kilipofungwa na Marekani mjini Dallas. Hakuna mwenye akili aliyesema Marekani imelishinda Jeshi la Pakistan. Tatu, na hili ndilo linaloniuma, hoja hiyo inakubali kucheza, inapokea fedha za matangazo, kisha inajidai kususia kwa kuunyima mkono. Mwaka 1961 hadi 1978 kususia kulikuwa kususia.

Hata hivyo si kila alama ya kijeshi ni tupu, na ningejidanganya kama ningesema vyeo vya heshima ni uzushi wa juzi. C. K. Nayudu, nahodha wa kwanza wa India katika testi mwaka 1932, alipewa cheo na mtawala wa Holkar kule Indore, naye akafa akiitwa Kanali. Kapil Dev, ambaye ni miongoni mwa wachezaji waliopitia mikononi mwa Adhikari walipokuwa vijana, alitunukiwa Luteni Kanali wa heshima mwaka 2008, cheo kilekile ambacho mwalimu wake alikipata kwa utumishi. Mahendra Singh Dhoni alitunukiwa cheo hicho mwaka 2011, kisha akaenda kuruka na parashuti hadi akafuzu, na mwaka 2019 akatumikia wiki mbili na kikosi chake Kashmir. Mwaka huohuo aliambiwa aondoe nembo ya makomando kwenye glavu zake katika Kombe la Dunia, naye akaiondoa. Pakistan nayo ina Misbah-ul-Haq, nahodha wake wa wakati huo, ambaye Julai 2016, akiwa na miaka 42, alipiga mia moja Lord's na kulala chini akapiga pushapu kumi kutimiza ahadi aliyowapa wakufunzi wa jeshi waliomfundisha Abbottabad. Mtu mzima aliwashukuru walimu wake mbele ya dunia, na hakuna Mwingereza aliyejiona ametukanwa. Ishara ya Misbah ilielekezwa kwa waliomjenga. Ile ya ndege inayoanguka ilielekezwa kwa waliokuwa jukwaani, na wengi wa waliokuwa jukwaani Dubai ni wafanyakazi wahamiaji wa mataifa yote mawili, wanaolala chumba kimoja na kupanda basi moja alfajiri. Wasomaji wetu walioko Dubai na Muscat wanafanya kazi nao na wanajua ninachosema.

Matokeo ya kuichukulia alama kuwa ndiyo jeshi tumeanza kuyaona. Oktoba 2025 timu za wanawake za nchi hizo zilikutana Colombo katika Kombe la Dunia, nazo hazikupeana mikono, ingawa hakuna hata mmoja wao aliyekuwa sehemu ya yaliyotokea Dubai. Jambo lililoanza kama uamuzi wa timu moja limekuwa desturi, na desturi hairudi nyuma bila mtu kuamua kuibeba gharama ya kuivunja. Bodi za kriketi zingeweza kuamua mapema, na kuandika katika mapatano ya kila mashindano, kwamba kabla ya mechi timu huchagua moja kati ya mawili: kutocheza, au kucheza pamoja na adabu zote za mchezo. Serikali nazo zingeacha kuwaweka mawaziri kwenye viti vya kukabidhi makombe. Na timu inayotaka kuwaheshimu askari ingeweza kuwauliza askari wenyewe, maana wapo, na bado wanacheza.

Tarehe 25 Oktoba 2025, chini ya mwezi mmoja tangu fainali ya Dubai, Services ilikutana na Assam kule Tinsukia katika Kombe la Ranji. Warushaji wake wawili, wote wanajeshi, kila mmoja aliangusha wiketi tatu kwa mipira mitatu mfululizo katika zamu ileile ya kupiga, na mechi ikamalizika kwa mipira 540, fupi kuliko zote katika historia ya kombe hilo. Baada ya hapo timu ya Hemu Adhikari ilifunga mizigo yake na kusubiri mechi inayofuata.